Pralini za Houston Jikoni Denver: Kisa cha Sukari Iliyogeuka Chenga

Kisa hiki kilitokea jikoni kwa mwanamke wa Tanga anayeishi Denver, jimbo la Colorado. Nakiandika kwa ruhusa yake. Jina lake, mtaa wake na familia iliyomwagizia peremende nimeviondoa, naye tutamwita Mama Neema. Mimi niliingia katika jambo hili siku ya pili, sufuria nne zikiwa zimeshaharibika, kwa hiyo ya siku ya kwanza nayaeleza kama alivyonisimulia huku akinionyesha mabaki.

Naandika kwa sababu kosa lenyewe halikuwa uzembe. Mama Neema alifuata maelekezo neno kwa neno, na kufuata huko ndiko kulikomharibia.

Usuli

Pralini ni peremende ya sukari, maziwa, siagi na pekani (kokwa za mti wa mpekani), bapa kama kashata ya duara, laini ndani, inayomumunyuka mdomoni. Jina lake limetoka Ufaransa. Katika karne ya 17 palikuwa na mkuu mmoja, César de Choiseul, mwenye cheo cha kikabaila cha "comte" wa Plessis-Praslin, ambaye jikoni kwake lozi zilipakwa sukari iliyochemshwa. Wafaransa walipohamia Louisiana walikuta mipekani, miti ya asili ya Amerika Kaskazini, na lozi zikaiachia pekani nafasi. Maziwa na krimu vikaingia baadaye. Lakini waliopika na kuzitembeza mitaani New Orleans katika karne ya 19, sinia mkononi, walikuwa hasa wanawake weusi, na wengine kwa fedha hiyo waliendesha nyumba zao. Pekani yenyewe ina deni kwa mtu mweusi pia. Antoine, mtunza bustani aliyekuwa mtumwa katika shamba la Oak Alley, Louisiana, ndiye aliyefanikiwa kuunganisha vikonyo vya mpekani bora juu ya miche mingine katika majira ya baridi ya 1846–47. Aina ile ikaja kuitwa Centennial, ikaonyeshwa kwenye maonyesho makubwa ya Philadelphia mwaka 1876. Mama Neema huwasimulia wateja habari hiyo kabla hajataja bei, na nadhani anafanya vizuri.

Alijifunza Houston, alikokaa miaka sita. Jirani yake alikuwa mama wa Kimarekani mweusi mzaliwa wa Louisiana, ambaye watoto wa Mama Neema walimwita Mamkubwa, naye akalikubali jina. Walipika pamoja kila Desemba. Siku Mama Neema anahama, Mamkubwa alimwandikia kadi: sukari nyeupe gramu 300, sukari ya kahawia gramu 150, maziwa mazito ya kopo yasiyotiwa sukari mililita 120, siagi gramu 85, pekani gramu 170, chumvi chembe, arki ya vanila kijiko cha chai. Chini akaandika: pika mpaka 240. Ni nyuzi za Farenhaiti, kwa kuwa vipimajoto vya Marekani vinasoma hivyo. Kwa Selsiasi ni karibu 116. Kipimo hicho hutoa vipande 22 hivi.

Jambo jingine la usuli, ambalo mwenyewe hakulitaja mpaka nilipomuuliza: alilelewa na bibi yake mzaa mama, muuza kashata za nazi na za karanga. Tangu ana miaka minane ndiye aliyekuwa akishika kikombe cha maji ya kupimia shira.

Kilichotokea

Agizo lilikuwa vipande 150 kwa harusi ya Jumamosi. Sheria ya Colorado inaruhusu mtu kuuza peremende alizopika nyumbani, mradi amepata mafunzo ya usalama wa chakula na aweke lebo inayosema zimetoka jiko la nyumbani na inayotaja viambato. Hayo alikuwa ameyatimiza. Alinunua pekani kilo 1.8, akijua anahitaji kama kilo 1.2, akiba ikiwemo.

Jumatano usiku alianza na vipimo viwili kwa mpigo ili kuokoa muda. Kipimajoto kiliposoma 240 akaepua, akasubiri, akaanza kukoroga. Mwiko haukuzunguka hata mara ishirini. Shira iliganda sufuriani ikawa pande moja, na alipolikwangua likavunjikavunjika. Alifikiri ni ule wingi. Akapika kipimo kimoja, moto mdogo, taratibu. Safari hii aliwahi kuchota vipande kumi, vyote vikavu na vyeupe kama vimepakwa chokaa, na vilivyobaki vikagandia sufuriani.

Alhamisi asubuhi aliongeza maziwa. Kama peremende ni kavu, alijiambia, basi inataka majimaji zaidi. Ilichukua muda mrefu kufika 240, ikawa nyeusi kidogo, ikanuka maziwa yaliyoungua, kisha ikaganda vilevile. Sufuria ya nne aliipika kwa hasira na woga: akaiepua mapema, kipimajoto kikisoma 220. Hiyo haikuganda kabisa. Alimimina vipande juu ya karatasi ya kuokea, vikatambaa na kuungana kama uji.

Hapo ndipo aliponipigia. "Dada, njoo uone," alisema. "Zimekuwa chenga, na zisizo chenga zimekuwa uji. Harusi kesho kutwa."

Nilipofika alikuwa kwenye simu na Mamkubwa, sauti ikiwa wazi, nikasikia swali ambalo naona ndilo lililofungua kila kitu. Mamkubwa hakuuliza juu ya moto wala aina ya sukari. Aliuliza: ulipodondosha tone kwenye maji baridi, lilifanyaje? Mama Neema akajibu kwamba hakudondosha tone, alisoma kipimajoto kama kadi inavyosema. Kimya kidogo. Kisha mama yule akasema, kwa upole kabisa: mwanangu, ile namba niliandika kwa sababu uliniomba namba. Mimi sijaitazama miaka arobaini.

Maamuzi, na sababu zake

Uamuzi wa kwanza ulikuwa kutopika chochote Alhamisi usiku ila maji. Mama Neema hakuupenda, maana saa zilikuwa zinakwenda. Niliushikilia kwa sababu alikuwa ameshabadilisha mambo manne katika sufuria nne, yaani wingi, moto, maziwa na muda, na hakuna hata moja lililomfundisha kitu. Tukajaza sufuria maji, tukatia kipimajoto bila kukigusisha chini, tukangoja yachemke kwa nguvu. Kikasimama kwenye 203.

Houston iko karibu na usawa wa bahari, na maji huchemka kwa nyuzi 212, yaani 100 za Selsiasi. Denver iko mita 1,609 juu. Huku hewa inayoyakandamiza maji ni nyepesi zaidi, yanaachiliwa mapema, na huchemka kwenye nyuzi 95 hivi za Selsiasi. Kipimajoto cha Mama Neema kilikuwa kizima, kikisema kweli. Kadi nayo ilikuwa ya kweli, ila ukweli wake ulikuwa wa Houston.

Uamuzi wa pili, tuliutoa kwenye hesabu ile: lengo jipya liwe 230 au 231, yaani 240 toa tofauti ya tisa ama kumi. Lakini tukakubaliana kwamba namba itatuambia tu wakati wa kuanza kuangalia, na kikombe cha maji baridi ndicho kitakachosema epua. Tone likizama na kukusanyika kuwa donge laini, unaloweza kuliokota kwa vidole na likalala bapa ukiliachia, shira imefika. Likiyeyuka majini bado. Likiwa gumu na kubaki duara umepita. Mama Neema aliposikia maneno hayo alinyamaza, halafu akasema bibi yake aliita hatua ile "shira imekubali".

Uamuzi wa tatu: kipimo kimoja kimoja, hata kama ni sufuria saba. Shira nyingi hukaa na joto muda mrefu, lakini ikianza kuganda huganda yote kwa pamoja, na hakuna mkono unaoweza kuchota vipande 44 kabla haijawa jiwe. Vipande 22 mtu mmoja anaviwahi kwa shida, watu wawili wenye vijiko viwili kila mmoja wanaviwahi bila pupa. Kwa hiyo mimi nikawa mchotaji wa pili.

Uamuzi wa nne ulihusu sufuria ya nne, ile ya uji. Yeye alitaka kuitupa. Mimi nikaona ndiyo pekee katika zote isiyokuwa na kosa lisilorudi, maana ilikuwa haijafika, si kwamba ilikuwa imepita. Tukairudisha sufuriani Ijumaa asubuhi na vijiko viwili vya maji, moto mdogo mpaka yote iyeyuke laini, tukaipandisha hadi tone lilipokubali. Pekani zake zililainika kidogo kwa kupikwa mara mbili, ila kipande kilikuwa cha kuuzika.

Matokeo

Ijumaa tulipika kuanzia saa mbili asubuhi hadi saa tisa alasiri. Sufuria ya ukombozi na vipimo sita vipya vilitoa vipande 154. Tone lilikubali kwenye 230 mara nne, na mara mbili kwenye 229. Pekani zilipungua gramu 70, nikazitoa kwangu.

Jumamosi asubuhi vipande 14 vilikutwa vinanata. Vilikuwa vya sufuria ya mwisho, ambavyo tulivifungia ndani ya kopo vikiwa bado na uvuguvugu kwa kuwa tumechoka. Mvuke wavyo wenyewe uligeuka maji kwenye kifuniko, ukavidondokea. Mama Neema alimpigia mama wa bibi harusi mapema, akamwambia vitafika 140, akakata bei ya kumi vilivyopungua. Mama yule alishukuru kwa kuambiwa mapema. Kila kipande kilifungwa peke yake na kikawa na lebo yenye neno pekani mbele, kwa sababu mwenye mzio wa pekani anaweza kupoteza maisha kwa kipande kimoja, na harusini watoto huchukua vitu mezani bila kuuliza.

Zile chenga za sufuria tatu za kwanza hakuzitupa. Ameziweka kwenye chupa na hunyunyiza juu ya keki. Hasara halisi ilikuwa gramu 680 za pekani, sukari, siagi na usiku mmoja bila usingizi.

Uchambuzi

Nianze na kiini, maana hapa ndipo watu wengi wanapokwama hata kwenye kashata na tofi.

Shira inapochemka, maji yanaondoka na sukari inabaki. Kadiri maji yanavyopungua, ndivyo joto la kuchemka linavyopanda. Kwa hiyo kipimajoto ndani ya shira kinapima jambo ambalo hulioni kwa macho: sukari imebanana kiasi gani. Hatua ya donge laini ni pale ambapo kwa wastani sehemu 85 katika 100 ni sukari na 15 ni maji. Usawa wa bahari, shira ya namna hiyo huchemka karibu nyuzi 16 za Selsiasi juu ya maji matupu. Tofauti hiyo ya 16 ndiyo inayosafiri nawe. Maji yakichemka kwa 100, unaepua kwa 116. Yakichemka kwa 95, unaepua kwa 111. Mama Neema alipongoja 116 jikoni Denver, alikuwa anapika shira ambayo Houston ingesoma 121, na huko ni donge gumu, si laini. Peremende ya namna hiyo haina maji ya kutosha kubaki nyororo. Lazima igande mara mwiko unapoigusa, na lazima iwe chenga.

Hapo pia tunaona kwa nini maziwa ya ziada hayakumsaidia. Ukiongeza majimaji mwanzoni lakini ukaendelea kupika hadi namba ileile, unakuwa umeongeza muda tu. Moto utayatoa yote uliyotia, na maziwa yataungua kwa kukaa jikoni zaidi. Naliona kosa hili kila mara, hata kwa wapishi wazuri, na linatokana na kufikiri kwamba ukavu wa peremende unaamuliwa na ulichotia. Kwa kweli unaamuliwa na pale ulipoepua.

Moto mdogo wa sufuria ya pili haukuwa wazo baya, ulikuwa jibu la swali jingine. Moto mkali sana unaunguza maziwa chini, lakini haukaushi peremende ikiwa unaepua kwa hatua sahihi.

Ukorogaji ulikwenda vizuri Ijumaa, nao unastahili maelezo. Pralini haitakiwi kuwa kioo kama peremende ngumu, wala changarawe. Inataka punje za sukari ndogo mno, nyingi mno, kiasi kwamba ulimi unazihisi kama krimu. Ukikoroga shira ikiwa moto sana, punje chache hujitokeza na kukua, nawe unatafuna mchanga. Ukichelewa, inaganda kabla hujachota. Tuliepua, tukatia vanila, tukaiacha dakika tatu bila kuigusa, kisha tukakoroga mfululizo. Dalili si muda bali mng'ao: shira inang'aa, inang'aa, halafu ghafla inafifia kama kioo kilichopuliziwa pumzi, na mwiko unaanza kuwa mzito. Hapo chota. Una dakika moja, pengine mbili. Mara mbili tulichelewa na ikaanza kushika pembeni. Kijiko kimoja cha maji ya moto na mizunguko mitano vikairudisha. Dawa hiyo hufanya kazi kwa shira iliyoanza kushika, haifanyi kazi kwa ile iliyopikwa kupita kiasi. Mama Neema aliijaribu Jumatano bila mafanikio, na kama angeisoma hali ile vizuri, ingekuwa dalili tosha kwamba tatizo halikuwa mkono wake.

Pembeni za sufuria zilitupa shida kidogo. Punje za sukari zinazobaki ukutani zikianguka ndani ya shira huwa mbegu, zinaita nyingine mapema. Tulifunika sufuria dakika mbili shira ilipoanza kuchemka, mvuke ukazisafisha wenyewe.

Hali ya hewa nayo ilihusika, ingawa kwa upande usiotarajiwa. New Orleans na Houston zina unyevu mwingi, na wapishi wa kule huahirisha pralini siku ya mvua, kwa sababu sukari hunywa maji ya hewani na kipande hakikauki. Denver ina hewa kavu. Kwa hiyo tulizoea kuogopa unyevu wa nje, tukasahau ule tulioutengeneza wenyewe ndani ya kopo. Vile vipande 14 ni kosa langu kama lilivyo lake. Vilihitaji saa nzima nyingine juu ya karatasi kabla ya kufungwa.

Sasa juu ya kadi. Mamkubwa alipika kwa jicho na tone. Mama Neema alipomwomba namba, alipewa namba, na namba ikakaa kwenye kadi huku tone likibaki jikoni Houston. Sidhani kuna wa kulaumiwa. Mwanafunzi huomba kitu cha kushika mkononi, na mwalimu hutoa kwa upendo. Lakini aliyehamia mji wa juu na kadi ile alibeba nusu ya ujuzi. Linaloniuma zaidi ni kwamba nusu nyingine alikuwa nayo tangu Tanga, kwenye kikombe alichokuwa akimshikia bibi yake, na akaiacha nje ya jiko hili kwa kudhani kashata ni kitu kimoja na pralini ni kingine. Lugha yetu yenyewe inaita uzi ule unaovutika kutoka kwenye shira na nyuzi za joto kwa jina moja, nasi tukazitazama hizi tukauacha ule.

Kwa wasomaji walioko nyumbani hesabu ni ileile. Kila mita 300 unazopanda, maji huchemka karibu nyuzi 1 ya Selsiasi chini. Tanga, Mombasa na Dar es Salaam, maelekezo ya vitabu vya kigeni yanafaa jinsi yalivyo. Kampala toa kama 4. Arusha, Kigali na Bukavu toa kama 5. Nairobi toa karibu 6. Usiamini orodha yangu kuliko sufuria yako, chemsha maji siku hiyohiyo na kipimajoto hichohicho, maana kipimajoto nacho huweza kuwa na uongo wake, na jaribio hili moja hukamata makosa yote mawili.

Kuna jambo ambalo mimi na Mama Neema bado hatujakubaliana. Yeye amekirudisha kipimajoto kabatini na kusema hakitoki tena, tone linatosha. Mimi naona kibaki sufuriani. Kupima kwa tone kunataka uondoe sufuria motoni kila mara, la sivyo shira inaendelea kupanda wakati wewe unatazama kikombe, na karibu na mwisho nyuzi mbili hupita upesi. Kipimajoto kinakuambia lini uanze kudondosha, nawe hudondoshi mara kumi bali mara mbili. Ameniambia nikitaka kukitumia nije nacho changu. Kwenye kadi ya Mamkubwa, hata hivyo, ameifuta 240 kwa kalamu ya risasi, bado inasomeka, na pembeni ameandika: maji + 27, kisha tone. Ni Farenhaiti hiyo, 230 toa 203.